Juisi ya Balungi na Mifupa ya Achol

Wiki moja kabla ya kustaafu na kukabidhi funguo za stoo ya lishe, mmoja wenu, nyinyi maafisa vijana wa lishe, aliniuliza ni mgonjwa gani ambaye bado namfikiria nikiwa nimekaa peke yangu. Nilimwambia nitamjibu kwa maandishi, kwa sababu nikisimulia kwa mdomo huwa naziruka sehemu zinazoniaibisha. Basi haya ndiyo majibu. Barua za kupandishwa daraja mtazikuta kwenye faili langu. Sijaona hata moja iliyowahi kumponya mtu.

Siku yangu ya kwanza katika hospitali ya Lodwar nilifika na cheti kipya, daftari la jalada gumu na viatu vyeupe. Viatu vilibadilika rangi kabla sijafika langoni. Aliyenipokea alikuwa Bwana Lokai, afisa wa lishe wa pekee wakati huo, mwanamume mrefu mwenye maneno machache, ambaye alikitazama cheti changu kama mtu anavyotazama tiketi ya basi lililokwisha kuondoka. Alinituma jikoni. Kwa wiki nzima nilikoroga uji wa wodi ya watoto pamoja na wapishi, nikaunguza sufuria mbili. Nilipolalamika kwamba sikusomea upishi, Bwana Lokai alisema mtu asiyejua uji unaungua lini hana ruhusa ya kumwandikia mgonjwa uji.

Vifaa vyetu vilikuwa mkanda wa kupimia mkono, ule wenye rangi tatu, na mizani ya kuning'iniza watoto iliyofungwa kwenye boriti ya veranda. Kila asubuhi kabla ya mtoto wa kwanza tulining'iniza dumu la maji ambalo uzito wake tuliujua. Mizani ikisema vingine, Bwana Lokai alitangaza kwamba mgonjwa wa kwanza siku hiyo ni mizani. Nawasihi msiiache desturi hiyo kwa sababu mnazo za umeme. Za umeme nazo hudanganya, tena kwa sauti ya kujiamini zaidi.

Jambo kubwa alilonifundisha lilikuwa swali. Tulipofika kitandani hakuuliza mgonjwa amekula nini. Aliuliza, "Jana ulimeza nini, tangu uamke mpaka ulale?" Ukimuuliza mtu alichokula, alieleza, atakutajia ugali. Ukimuuliza alichomeza atakumbuka pia vidonge vya jirani, mizizi ya mganga, udongo wa ujauzito na ile chupa ndogo ya jioni. Nililiandika swali hilo ukurasa wa kwanza wa daftari langu. Kuandika, mtaona, si sawa na kushika.

Miaka mingi baadaye, Bwana Lokai akiwa ameshastaafu, nilianza mambo ya juisi. Wagonjwa waliokonda kwa maradhi marefu walikuwa wakikataa chakula. Midomo ina vidonda, uji unawachosha, maziwa yanawaendesha. Kando ya mto Turkwel kulikuwa na kikundi cha akina mama wenye shamba la kumwagilia, na miche ya balungi waliyoletewa kutoka Kitale ilikuwa imezaa kupita kiasi. Sokoni hakuna aliyeyataka. Mtu wa Lodwar akinunua tunda anataka utamu, na balungi lina uchungu unaobaki kooni mpaka kesho. Wakayaleta hospitalini kwa magunia, bila kudai chochote.

Glasi ya kwanza nilimpa mzee mmoja mfugaji aliyelazwa na kifua. Alionja, akatema kistaarabu kwenye beseni, akauliza amenikosea nini.

Nikafanya uchunguzi wangu jikoni, karibu mwezi mzima. Niligundua kwamba mashine ya kusagia ndiyo adui wa kwanza, maana husaga mbegu na ngozi za ndani, na humo ndimo uchungu mwingi unamokaa. Basi nilimenya kwa kisu mpaka ile nyama nyeupe ya chini ya ganda ikaisha yote, nikapasua kila kijumba cha tunda, nikatoa mbegu na utando, nikabaki na nyama tupu. Hiyo nikaikamua kwa mkono kupitia kitambaa safi. Sikuichemsha, wala sikuilaza, kwa sababu juisi inayokaa huzidi kuwa chungu; ilinywewa palepale. Sukari niliiogopa, kwani sukari nyingi humwongezea kuharisha mtu mwenye tumbo bovu. Nilitia punje chache za chumvi, zile zinazoshikika kwa ncha za vidole viwili, na uchungu ukanyamaza. Tena nikachanganya na papai bivu. Yule mzee mfugaji alikunywa glasi nzima, akasema sasa tumepatana.

Nilijivunia juisi ile kuliko cheti changu. Nawaambia hili mapema ili mjue nilianguka kutoka wapi.

Nilipohamishiwa kliniki moja ya Kakuma, nilihama nayo. Magunia yalinifikia kila wiki kwa lori la dawa, nami nikawa nawakamulia wagonjwa wangu dhaifu mimi mwenyewe, mbele ya macho yao, kwenye meza ndogo karibu na dirisha. Watoto wa kambini waliniita daktari wa uji, jina ambalo sikulipinga. Mkuu wetu pale alikuwa Ewoi, klinikal ofisa, yaani tabibu, kijana, mwana wa Lodwar kama mimi, mwenye mazoea ya kutembea haraka hata akiwa haendi popote.

Achol aliletwa na kaka yake, Deng. Alikuwa fundi cherehani kutoka Sudan Kusini, mwanamke wa miaka thelathini na kitu, Mkristo mwenye kwaya yake, aliyeshonea sare karibu nusu ya wanafunzi wa mtaa wake wa kambi. Alikuwa mrefu sana na mwembamba mno, na alitembea akiyumba kulia na kushoto kama bata. Nilipompa kigoda cha chini akae, alikaa. Alipotaka kusimama alishika meza kwa mikono miwili akajivuta. Alikuwa ametibiwa amiba mara nyingi zisizohesabika, kisha taifodi, kisha akapewa vidonge vya maumivu ya viungo, ambavyo kwa tumbo lake vilikuwa sawa na kumwaga mafuta ya taa motoni. Mwishowe alipelekwa Eldoret, wakamwingiza kamera, wakasema ana ule ugonjwa wa uvimbe wa utumbo usioisha, ambao mwili unajishambulia wenyewe. Alirudi na dawa ya kutuliza uvimbe, budesonaidi, ambayo ni aina ya steroidi. Utumbo ulipata nafuu kidogo. Mifupa ndiyo iliyozidi kumuuma.

Nilimuuliza habari za siku yake. Alisema kwa sauti ya chini, kama anayekiri dhambi, kwamba hatoki nje. Choo anakwenda mara nane, mara kumi, na akiwa sokoni au kanisani atafanyaje? Basi amehamishia cherehani chumbani, dirisha amelifunika kwa pazia kwa sababu ya vumbi, na kazi wateja wanamletea mlangoni. Ilikuwa ikikaribia miaka miwili.

Nilipomwambia Ewoi kwamba nashuku upungufu wa vitamini D, alicheka, na simlaumu. Vitamini ya jua, Kakuma? Mahali ambapo mbuzi hupigania kivuli cha nguzo? Lakini jua halimfikii mtu aliye nyuma ya pazia. Ngozi nyeusi sana huhitaji jua la muda mrefu zaidi kutengeneza vitamini hiyo. Utumbo wenye vidonda hauwezi kuifyonza ile kidogo iliyo kwenye chakula, kwa sababu husafiri pamoja na mafuta, na mafuta yalikuwa yakimpita Achol bila kusimama. Tena steroidi zenyewe hula mifupa. Damu yake ilipelekwa Eldoret. Majibu yalichukua muda, na kila alipoletwa kupimwa nilimwona akijivuta kutoka kwenye kigoda, nikawa naogopa kwamba siku moja nyonga itavunjika mbele yangu. Majibu yakarudi: ya chini kabisa.

Ewoi akampa vidonge vikubwa vya vitamini D pamoja na kalsiamu, ile chokaa ya mifupa. Mimi nikaongeza kiini cha yai na samaki mkavu wa ziwani, aliyepondwa laini. Jua nalo tulilipangia mahali: Deng alizungushia magunia kipande cha ua, hatua sita kutoka choo, akatandika mkeka, na Achol akawa anakaa humo asubuhi mikono na miguu ikiwa wazi. Alilalamika kwamba jirani zake wanadhani anaanikwa kama samaki.

Na kwa kuwa hamu ya chakula hakuwa nayo, nikamkamulia juisi ya balungi. Glasi moja kila anapokuja kupimwa, na mabalungi machache na maelekezo ya kujitengenezea nyumbani siku nyingine. Aliipenda tangu siku ya kwanza.

Sikilizeni sasa, maana hapa ndipo nilipokuwa mjinga. Achol alipata nafuu ya ajabu. Choo kikapungua, tumbo likatulia, hamu ikarudi, uzito ukapanda. Miezi minne nilitembea kifua mbele. Nilimwambia Ewoi kwamba pengine katika balungi mna kitu kinachotuliza utumbo, na tukapanga kuwaandikia wakubwa. Uso wa Achol ukajaa ukawa mviringo, nikasema amenenepa. Alama za zambarau zikamtokea mikononi kila alipogusa kitu. Nikasema ni cherehani. Mapaja yakazidi kuwa dhaifu badala ya kupata nguvu. Nikasema mifupa huchelewa, tuwe na subira. Kila dalili niliipatia jina la upole. Lakini nilikuwa na wasiwasi, hilo nakiri. Mtu anayekula, anayeota jua, anayemeza vitamini, kwa nini bado anashika meza kusimama? Nilikuwa nikiamka na swali hilo, nikifika kazini nalizamisha kwa kazi.

Dawa za Achol zilikuwa zikimfikia kutoka Lodwar ndani ya bahasha ndogo, vidonge vimehesabiwa, jina na saa ya kumeza vimeandikwa kwa kalamu. Mwezi mmoja ziliisha pande zetu zote, na Deng aliyekuwa na safari ya Eldoret akamnunulia boksi zima. Achol akaja nalo kliniki kuniuliza kama ni dawa ileile. Glasi yake ilikuwa tayari mezani. Alienda chooni kwanza, nami nikafungua boksi, nikakunjua lile karatasi jembamba lenye maandishi madogo, ambalo sote tunalitupa. Nililisoma kwa sababu tu nilikuwa namngoja.

Lilikataza balungi, kwa maneno manyoofu. Lilieleza kwamba tunda hilo huuzuia mwili kuivunja dawa, na dawa hujilimbikiza kwenye damu.

Nakumbuka nililisoma mara tatu, nikitafuta neno ambalo lingeniokoa. Ile nafuu yote ilikuwa dawa iliyozidi. Uso wa mviringo, alama za zambarau, mapaja yanayoyeyuka, vyote vilikuwa dawa iliyozidi, na mifupa niliyodai kuijenga nilikuwa naitafuna kwa glasi. Uchungu nilikuwa nimefaulu kuutoa. Hicho kinachouzuia mwili kuivunja dawa hakina ladha, na hakikutoka na utando wala mbegu.

Achol aliporudi nilikuwa nimeshamwaga juisi. Nilimwambia balungi la leo limeoza. Huo ulikuwa uongo wangu wa kwanza kwa mgonjwa, nao ulitoka bila kujikwaa.

Nilikwenda kwa Ewoi, nikafunga mlango, nikamwekea karatasi mbele. Alisoma akiwa amesimama, kisha akakaa. Alimpigia simu daktari bingwa wa Eldoret, ambaye alipatikana jioni na kutuambia mambo mawili: balungi likome leo, na dawa isikatwe ghafla kwa vyovyote vile. Mwili uliozoeshwa steroidi nyingi husahau kutengeneza ya kwake. Ukiinyima kwa mkupuo, mtu anaweza kuzimia na kufa. Itapunguzwa pole pole, kwa mpango atakaoutuma.

Kesho yake nilimwendea Achol nyumbani. Alikuwa ameketi kwenye cherehani, pindo la sketi ya buluu mikononi. Nilikuwa nimepanga maneno yangu njia nzima, na nilipofika yakamwagika yote kwa pamoja: juisi, damu, ini, Eldoret, samahani. Nilisema dawa imekuwa nyingi mno mwilini mwake. Nilisema asiiache. Nina hakika nilisema. Lakini nilikuwa nalia, na mtu akikulilia huku akikwambia umemeza sumu yake miezi minne, sijui unasikia lipi na kuliacha lipi.

Achol aliuliza jambo moja tu. "Mama Ebei, wewe ulijua?"

"Sikujua."

"Na ilikuwa kazi yako kujua?"

Nikamwambia ndiyo. Alirudisha sketi chini ya sindano akaendelea kushona. Nikaondoka.

Siku ya nne baada ya hapo hakuja kupimwa. Siku ya tano nikaenda kwake nikamkuta Deng peke yake. Alisema dada yake amepanda gari juzi kuelekea Nadapal, avuke mpaka, aende kwa shangazi yao upande wa pili. Amesema Kakuma dawa inamuua, afadhali afie kwa watu wake. Juu ya cherehani lilikuwepo lile boksi. Nililifungua. Hakuna kidonge kilichokuwa kimetolewa tangu siku nilipolifungua mimi kliniki.

Wenzangu, nimewahi kuona njaa na nimewahi kuona kipindupindu, lakini hofu niliyoipata nikiwa na boksi lile mkononi sijaipata tena. Nilijua kinachotokea ndani ya mwili ule, siku baada ya siku, na nilijua yeye hajui.

Ewoi hakunigombeza. Alichukua sindano za haidrokotisoni, steroidi ya dharura, dripu mbili, na barua kwa kliniki yoyote tutakayokutana nayo, akamwomba mkuu wa usafiri gari la chanjo. Tulikuwa njiani kabla ya saa nne. Njia nzima hadi Lokichoggio nilikuwa nikitazama kila kichaka chenye kivuli, nikiogopa kuona nguo.

Lokichoggio tuliuliza kwenye nyumba za wageni. Mwenye ya tatu, mama wa Kiturkana, tulisalimiana naye ejok, ejok, nikamweleza mwanamke mrefu anayetembea akiyumba. Alimkumbuka. Alisema alilala pale siku mbili, alikataa chai, alikuwa akitapika, na asubuhi hiyo amesaidiwa kupanda lori la Nadapal. "Huyo mtu mimi nilimwambia, wewe utafika kweli? Akaniambia, sijali kufika, nataka kuwa upande ule."

Nadapal tulimkuta kwenye foleni ya wanaosubiri kukaguliwa, au tuseme kando ya foleni, maana alishindwa kusimama ndani yake. Alikuwa amelala chini ya turubai lililotundikwa na wachuuzi, kichwa juu ya begi lake, na wanawake wawili wa kwao wakimpepea kwa kipande cha boksi. Midomo imekauka. Nilimshika mkono, ulikuwa baridi kwenye joto lile. Alifungua macho.

"Mama Ebei," alisema, "umeniletea juisi?"

Sikujua kama ni mzaha au ni kuchanganyikiwa. Mpaka leo sijamuuliza. Ewoi alikuwa ameshapiga magoti anatafuta mshipa, na mshipa ulikuwa hauonekani. Alijaribu mkono wa kulia mara mbili, akahamia wa kushoto. Shinikizo la damu lilikuwa chini kiasi kwamba alilipima tena akidhani kipimo kimeharibika. Mmoja wa wale wanawake aliniuliza kwa Kiarabu cha Juba kisha kwa Kiswahili chake kama huyu anakufa. Nikasema hapana. Sikuwa na haki ya kusema hivyo. Kisha Ewoi akaupata mshipa, sindano ikaingia, dripu ikaanza, mimi nikaishikilia chupa juu ya kichwa changu, mkono ukafa ganzi nikakataa kupokewa.

Baada ya muda niliouona kama mwaka, Achol alisema ana kiu. Tulimrudisha Lokichoggio kwenye hospitali ndogo, akalazwa. Siku ya pili aliketi. Siku hiyo ndipo nilipomweleza upya, safari hii bila machozi, nikitumia kikombe na maji. Nilijaza kikombe mpaka kikafurika mezani. Nikamwambia, hivi ndivyo balungi lilivyokufanyia. Nikakimwaga chote kwa mkupuo. Nikamwambia, hivi ndivyo ulivyojifanyia ulipoacha vidonge. Kisha nikakijaza tena, nikatoa maji kwa kijiko, kimoja kimoja. Alitazama mpaka vijiko vikawa vingi.

"Hiyo ya kijiko ni miezi mingapi?" aliuliza.

"Mingi."

"Na wewe utakuwa wapi?"

Nilimwambia nitakuwa palepale kwenye meza ya dirishani, na kwamba akitaka mtu mwingine ampime, nitaelewa, nitampangia. Akasema mtu mwingine ataanza kumuuliza maswali upya, na yeye amechoka maswali.

Ilikuwa kazi ya karibu mwaka. Daktari wa Eldoret alimpunguzia dawa kidogo kidogo, kisha akambadilishia nyingine. Tumbo lilichafuka mara mbili katikati, na kila mara nilidhani tumempoteza. Alama za zambarau zilififia, uso ukarudi wake. Vitamini D ilipimwa tena ikawa imepanda, lakini maumivu ya nyonga yalikawia kuondoka, na mguu wa kushoto haukurudi kamwe kuwa kama wa kulia. Nayaandika haya ili msije mkadhani kila kitu kilitengenezeka. Achol anatembea. Anatembea akichechemea kidogo, na sehemu ya kuchechemea huko ni kazi ya mikono yangu.

Juisi niliipiga marufuku kwa yeyote anayemeza dawa kabla mfamasia hajaiangalia dawa hiyo, kwa sababu Ewoi alinitafutia orodha, nikakuta si steroidi hiyo peke yake. Zimo za shinikizo la damu, zimo za moyo, zimo za mafuta kwenye damu. Nilikaa nikiwafikiria wazee wote wa Lodwar niliowakamulia. Nilirudi huko nikapekua mafaili yao wiki nzima, jina baada ya jina. Wengi hawakuwa kwenye dawa hizo. Wawili sikuweza kujua, kwa sababu kwenye karatasi zao nilikuwa nimeandika walichokula tu.

Kisha nikaomba nafasi kwenye mkutano wa mwezi wa hospitali ya Lodwar, mbele ya madaktari, wauguzi na nyinyi mliokuwa mnaanza, nikasimama nikasoma habari nzima tangu mwanzo. Nilisema kwamba mgonjwa alimeza mbele ya macho yangu kile kilichomdhuru, na mimi ndiye niliyekitengeneza. Nilidhani kazi yangu imeishia hapo. Aliyesema wa kwanza alikuwa mfamasia, mtu mzima ambaye hatukuwa tukipatana sana. Alisema karatasi hizo yeye ndiye anayezitoa kwenye maboksi kabla ya kufunga bahasha, kwa miaka yake yote, na hakuwahi kufikiria nani angezisoma. Tangu mwezi uliofuata, kila bahasha ya dawa ya muda mrefu ikawa na maandishi ya Kiswahili: usile hiki, usinywe kile. Mnaziona kila siku na kuzilalamikia kwamba zinachelewesha foleni. Endeleeni kulalamika, lakini ziandikeni.

Kabla ya kuandika haya nilimpigia Achol simu kumwomba ruhusa. Bado anashona, na sasa cherehani iko nje, chini ya kibaraza. Nilimsomea sehemu yake yote. Alisikiliza bila kunikatiza, nikawa nasikia mashine ikizunguka na kusimama, ikizunguka na kusimama. Nilipofika kwenye safari ya Nadapal, nilikuwa nimeandika, kama ilivyo kwenye faili la kliniki, kwamba mgonjwa alitoroka matibabu.

Mashine ikasimama.

"Hapo ubadilishe," alisema. "Mimi sikutoroka. Niliogopa."

Nikamwambia nitabadilisha. Nikamwambia pia kwamba hata mimi niliogopa, tangu siku ya boksi mpaka leo. Alisema anajua, aliniona nikiwa nimeshika ile chupa, nikikataa kupokewa. Kisha akasema ana sare za kumaliza kabla ya shule kufunguliwa, tukaagana.

Nimekwisha kulifuta neno lile. Na jana nilipanda gari hadi Kakuma, nikamwomba Ewoi lile faili la zamani, nikalifuta huko pia kwa mstari mmoja, nikaweka sahihi yangu pembeni.